Shangazi, Kumbe Kiingereza Nacho Kina Mtaa

Shangazi yangu mpendwa,

Shikamoo. Naiandika salamu hii halafu kalamu inasimama, maana wewe hukuwahi kuiacha itue chini. Ulikuwa unaidaka hewani: "Marahaba mwanangu, umekula?" Yote kwa pumzi moja.

Jana nilikuwa kidato cha pili, kipindi cha tatu. Msichana mmoja anayekaa dirishani, mpole, asiyeuliza kitu mwaka mzima, alinyoosha mkono. Akasema, "Mwalimu, kwenye simu ya dada yangu watu wanaandika 'fire' chini ya picha ya mtu aliyependeza. Sasa hapo anayeungua ni nani?" Darasa zima likaangua kicheko. Mimi nilisimama na chaki mkononi nikashindwa kucheka, kwa sababu hilo swali nililijua. Lilikuwa lako. Ulikuwa unaniuliza hivyo hivyo, kwa uso huo huo wa mtu anayetaka kujua kweli. Nimeshinda nalo tangu jana, na leo nimeona nikuandikie. Wengine wakiisoma barua hii na wasome, ni sawa. Kuna jambo moja sijawahi kulisema.

Ulikuwa unakuja kwetu Kilosa kila mwisho wa mwezi ukitokea Mikumi, ambako ulikuwa mpishi wa nyumba ya wageni kando ya barabara kuu, mahali wanapolala watalii wa kwenda mbugani. Unakumbuka ulivyokuwa ukiingia kwa Baba na kutangaza, "Kaka, leo nimepita Ulaya tena, na sijaona mzungu hata mmoja"? Kijiji cha Ulaya kiko pale pale njiani, kati ya Kilosa na Mikumi, na wewe utani huo haukukuishia utamu. Baba alikuwa anacheka kila mara kama ndiyo kwanza anausikia.

Baada ya kuoga na kunywa chai ulikuwa unanifuata uani na kipande chako cha karatasi. Mara nyingi kilikuwa nyuma ya orodha ya vitu vya sokoni: nyanya, vitunguu, nazi, halafu ukigeuza, maneno ya Kiingereza uliyoyasikia kwa wageni mwezi mzima, yameandikwa jinsi sikio lako lilivyoyapokea. "Kuli." "Amgudi." Wewe uliishia darasa la saba Munisagara. Mimi nilikuwa kidato cha tatu na nilikuwa na kamusi, ile aliyoninunulia Baba nikaivalisha karatasi ya kaki. Ulikuwa unachambua mchele kwenye ungo, mimi nafunua kurasa. Najua sasa kwamba nilikuwa na majivuno. Mtu mzima, dada wa baba yangu, ananisubiri mimi nimwambie maana!

"Haya, 'kuli' ni nini? Nilimpelekea kijana mmoja chai, akasema 'kuli' huku anatabasamu."

Nikatafuta. Nikakuambia 'cool' maana yake ni baridi kidogo, vuguvugu iliyopoa.

Ukaacha kuchambua. "Chai ilikuwa inafuka mvuke, mwanangu. Iliniunguza vidole."

"Ndivyo kamusi inavyosema, shangazi."

Mwezi uliofuata uliniambia kuwa kila mgeni aliyesema 'kuli' ulikuwa unamnyang'anya kikombe kwa heshima na kwenda kukipasha moto. Walikuwa wanakushangaa. Ulieleza jambo hilo bila kunilaumu, kama mtu anayeripoti hali ya hewa.

Na 'amgudi'? Ulimuuliza mama mmoja wa Kizungu kama aongezewe wali, akaweka mkono juu ya sahani na kukuambia, 'I'm good.' Nikatafsiri neno kwa neno: mimi ni mwema. Ukatikisa kichwa. "Nimemuuliza habari ya wali, yeye ananisifia tabia yake! Wenzetu hawa hawaoni haya." Kwa wiki kadhaa uliamini Wazungu ni watu wa kujisifu mezani.

Tulicheka sana siku hizo. Ndiyo maana wala sikuona hatari yoyote siku ulipokuja na karatasi ya tofauti.

Haikuwa mwisho wa mwezi. Ilikuwa Jumatano, mchana, nimetoka shule, nikakukuta umekaa kwenye kigoda uani na mkoba wako miguuni, hujavua hata viatu. Sikusikia utani wa Ulaya. Nilikuamkia, ukaitikia marahaba tu, peke yake.

Ulinisimulia polepole. Jumanne walilala wageni watatu, vijana, wasichana wawili na mvulana, wakiwa na dereva wao. Uliwapikia wali na maharage ya nazi. Wakala, wakaomba sahani ya pili. Asubuhi na mapema wakaondoka kuelekea milimani kwa njia ya Kidodi. Kabla ya kuondoka waliandika kwenye kitabu cha wageni, na meneja wako, yule aliyekuwa na mwezi mmoja tu kazini, alipokisoma alikuja jikoni amebadilika rangi. Akamwaga maharage yote yaliyobaki. Akajaribu kumpigia dereva, simu haikupatikana. Akakwambia, "Mama, nenda nyumbani mpaka tujue kama wageni wako hai."

Dada wa mapokezi alikuonea huruma akakunakilia maneno yale. Ukanipa karatasi. Nami, shangazi, nikaenda kuchukua kamusi kama ilivyokuwa kawaida yetu.

*Mama's beans were sick. She killed it. We are dead.*

Sikuhitaji hata kamusi, lakini nilifungua, nikataka niwe na uhakika. Kisha nikakusomea: "Maharage ya mama yalikuwa yanaumwa. Aliua. Sisi tumekufa."

Kuku alipita kati yetu. Halafu ukauliza, "Wamekufa?"

"Ndivyo walivyoandika."

"Wamekufa, halafu wameandika? Maiti gani huyo anashika kalamu, Rehema?"

Lilikuwa swali zuri kuliko yote niliyosikia mwaka ule, na mimi nililipita. Nikakuambia labda walimaanisha karibu kufa. Ukasema, "Waliomba sahani ya pili. Mtu chakula kikimdhuru haombi tena." Ukasema yule binti mrefu alikuwa anacheka, akakushika bega. Ulikuwa unanipa ushahidi, mmoja baada ya mwingine, na mimi, mtoto wa miaka kumi na sita, nikafunga kitabu na kusema, "Kamusi haidanganyi, shangazi."

Hapo ndipo ulipoacha kubishana. Naikumbuka sura yako. Uliamini. Hukumwamini meneja, uliniamini mimi.

Siku zilizofuata hukupika. Baba alikuomba umpikie bamia kama zamani, ukakataa. Ulikuwa ukifika mlango wa jikoni unaishia hapo. Uliniambia, "Pika wewe, mwanangu. Mkono wangu sasa siujui." Miaka ishirini umelisha watu, na ghafla unaiangalia mikono yako mapajani kama mikono ya mgeni. Ulikuwa unaulizia redio ya jirani kama imetaja watalii waliofia milimani. Nilisikia unaongea na Baba kwa Kisagara chumbani, kwa sauti ya chini, na sikuelewa yote, ila nilielewa kuwa unalia.

Nililipeleka jambo lile shuleni kwa mwalimu wangu wa Kiingereza, bila kutaja jina lako. Aliisoma karatasi mara mbili, akavua miwani. "Sick ni mgonjwa," akasema. "Hapa kuna kesi."

Ijumaa mchana mama alinituma kwa fundi cherehani sokoni nikachukue sketi yangu ya shule. Palikuwa na wasichana wawili wakubwa, mmoja anajaribu gauni la kitenge alilokuwa ameshonewa kwa ajili ya harusi. Akatoka nyuma ya pazia, akazunguka. Mwenzake akapiga makofi, akapaza sauti mpaka wauza nyanya wakageuka:

"Shoga, umeua! Umetuua kabisa!"

Fundi akatabasamu, akasema, "Si nilikuambia gauni hili ni hatari?"

Nilisimama na sketi yangu mkononi. Ameua. Nani kafa? Hakuna aliyekufa. Hatari ipi? Kitenge! Nikaanza kuyasikia yote kwa mara ya kwanza, ingawa nilikuwa nayaongea mwenyewe kila siku: muziki mkali, na hakuna unayemuuma, mchezaji noma, pilau la moto hata likiwa limepoa. Katika kamusi ya Kiswahili ukitafuta 'kali' utakutana na mbwa na jua na wembe. Nani atakuambia kuhusu viatu vikali, vile vinavyopendeza?

Nilikimbia, shangazi. Watu wa bodaboda walinipigia honi pale kwenye reli. Nilifika nyumbani sina pumzi, nikakuambia yote, nimechanganya gauni na maharage na fundi. Nilidhani utaruka kwa furaha. Wewe ulitulia kabisa, ukanisikiliza mpaka mwisho, kisha ukauliza, taratibu:

"Kwa hiyo Kiingereza nacho kina mtaa?"

Nikasema nadhani kinao.

"Na kamusi yako haijafika huko?"

"Haijafika."

Ukatikisa kichwa. Kisha ukaniambia nikalete viatu vyako.

Jumamosi tulipanda gari la asubuhi. Tulipopita Ulaya ulichungulia dirishani bila utani wowote, nikajua moyo wako bado uko mashakani. Meneja tulimkuta mapokezi. Nilimwamkia, nikaanza kueleza habari za umeua na noma. Alinitazama kama mtu anayetazama mvua iliyokuja siku isiyo yake.

"Binti, mimi nimesoma Kiingereza kabla hujazaliwa. Sick ni sick."

Ni wewe uliyesema, "Bwana meneja, mtoto anaweza akawa amekosea, na wewe unaweza ukawa umekosea. Wanaojua ni walioandika. Piga tena kwa dereva."

"Nimepiga siku tatu."

"Piga ya nne."

Akapiga. Simu ikaita. Akaifungulia sauti ili sote tusikie, nadhani alitaka ushahidi. Dereva akapokea, upepo unavuma huko aliko. Meneja akamuuliza wageni wanaendeleaje.

"Wageni wazima kabisa, ila wananichosha," dereva akasema. "Tangu tuondoke hapo ni maharage, maharage. Wanataka tulale hapo kesho tukirudi, na wanauliza kama yule mama atakuwepo. Mwambie aloweke mengi."

Meneja alikata simu akaiweka mezani. Kisha akasema, bila kuinua macho, "Basi, mama, nenda kavae aproni yako."

Wewe hukusogea. Nakuona mpaka leo, umesimama wima, mkoba begani, kilemba chako cha kijani.

"Kiingereza sikijui, bwana," ulisema. "Lakini Kiswahili nakijua. Kuna neno hujasema."

Dada wa mapokezi akajifanya anatafuta kalamu. Yule bwana akasema, "Pole sana, mama. Nisamehe."

"Nimekusamehe," ukasema, na ukaelekea jikoni.

Nilibaki mpaka Jumapili kwa sababu nilitaka kuwaona kwa macho yangu. Walikuja kweli. Yule binti mrefu alikukumbatia mpaka kilemba kikalegea. Nilimsogelea na Kiingereza changu cha shule nikamuuliza: imekuwaje neno la ugonjwa likawa neno la sifa? Alicheka kwanza. Halafu akafikiri, akawageukia wenzake, nao wakafikiri. Mwisho akasema hajui. Wanasema tu hivyo, hajawahi kujiuliza. Nilipokutafsiria jibu lake ulishangaa kuliko nilivyotarajia. "Lugha ni yao, na wao hawajui?" Nikakuuliza: wewe unajua kwa nini gauni likipendeza tunasema linaua? Ukacheka mpaka ukashika meza.

Tangu hapo hukuniuliza tena 'maana yake nini'. Ulikuwa unasema, "Nimelisikia mahali fulani, amelisema mtu wa namna hii, uso wake ulikuwa hivi." Ulikuwa unanipa neno pamoja na mtu wake. Nilipokwenda chuo, nilipoanza kufundisha hapa Kilosa, wewe ndiye uliyekuwa unanipigia simu: "Rehema, leo kuna mzee kasema hivi huku amekunja mdomo." Chuoni walinifundisha mengi, lakini kusikiliza hivyo sikufundishwa na mtu mwingine.

Sasa nifike kwenye lile jambo.

Ulipolazwa, mwaka juzi, nilikuwa nakaa nawe asubuhi kabla ya vipindi. Siku ile madaktari walipita, wawili, wakaangalia faili lako wakazungumza wao kwa wao Kiingereza. Nilisikia neno moja waziwazi: 'stable'. Walipoondoka ukanigusa mkono.

"Wamesema nini?"

"Wamesema umetulia, shangazi. Hali yako imekuwa imara."

Ulinitazama kwa jicho lile la uani. "Nimetulia kwa kamusi, au kwa mtaani?"

Nikacheka. Nikasema, "Kwa vyote." Sikuwauliza wenyewe. Hilo ndilo jambo. Niliyejifunza kwako kwamba neno haliachani na msemaji wake, siku hiyo sikumfuata msemaji. Walikuwa hatua kumi tu kutoka kitandani. Nilitaka neno lile liwe zuri, nikalichukua lilivyo na kukupa.

Ukasema, "Haya, kama nimetulia, nenda kafundishe watoto wa watu." Nikaenda. Kesho yake saa nne asubuhi, nikiwa ubaoni, mwalimu mkuu alikuja mlangoni akaniita Rehema badala ya mwalimu, nikajua umeondoka.

Baadaye nilimuuliza muuguzi mmoja. Akanieleza kwa upole kwamba wao wakisema hivyo mara nyingi wanamaanisha hali haijabadilika tangu jana. Kama jana ilikuwa nzuri, ni nzuri. Kama jana ilikuwa mbaya, ni mbaya vile vile. Hospitali nayo ina mtaa wake. Kwa miezi mingi nilikuwa nalirudia neno lile kila nikiosha vyombo, kila nikisahihisha madaftari. Nilikuwa nimekupa maana isiyo sahihi mara ya pili, na mara ya pili ukaniamini. Ndivyo nilivyodhani.

Mwezi uliopita nilikutana sokoni na yule mama wa kutoka Kidodi aliyekuwa kitanda cha jirani yako. Alinitambua kabla sijamtambua. Tukasalimiana, tukapeana pole za zamani. Halafu akaniambia kitu, kirahisi tu, akidhani nakijua. Akasema nilipotoka siku ile ulimwita daktari mdogo aliyekuwa bado wodini, ukamwuliza kwa Kiswahili: "Baba, lile neno mlilolisema, wewe ulipolisema ulikuwa na maana gani?" Na yule kijana alivuta kiti, akakaa, akakuambia ukweli wote.

Yule mama akakuuliza kama aniite nirudi. Nilikuwa bado sijafika hata getini, angeweza kuniita kwa dirisha. Ukamwambia, "Mwache aende, ana darasa."

Nimeyabeba maneno hayo mwezi mzima na sijui niyafanyeje. Kuna saa nakasirika: kwa nini hukuniita? Kuna saa naona ulinipa asubuhi moja zaidi ya kuwa mtu ambaye shangazi yake ametulia. Ningetaka kujua ulikuwa unafikiri nini ulipokuwa unanitazama nikivuka uwanja na madaftari yangu. Ningetaka kujua uso wako ulikuwaje, kwa sababu wewe ndiye uliyenifundisha kwamba bila uso neno halijakamilika, na uso huo sikuuona.

Msichana wa dirishani bado anasubiri jibu. Jumatatu nitamwambia aende akamuulize dada yake, na amwangalie vizuri anapojibu.

Kuhusu ile Jumatano ya uani: meneja alikuomba msamaha kabla yangu. Mimi sikuomba kabisa. Nilikuwa na haraka ya kushangilia ugunduzi wangu, na wewe hukunidai. Basi nasema sasa, kwa Kiswahili, lugha uliyoijua: pole, shangazi. Nisamehe.

Pumzika huko Munisagara karibu na wazee wako. Nitakuja mvua zikipungua, nipalilie kaburi lako.

Mtoto wa kaka yako,
Rehema